Jaji Aliyepigiwa Kura: Augustino Ramadhani na Haki ya Mpemba

Sheria za Zanzibar hazijawahi kumpa Mpemba kura ya kumchagua hakimu. Kadhi aliteuliwa na Sultani, hakimu wa wilaya akaletwa na Mwingereza, waliokaa kwenye Mahakama za Wananchi wakateuliwa na wakubwa wa chama cha Afro-Shirazi, na majaji wa leo huteuliwa na Rais. Aliyetaka kumwona jaji Mzanzibari aliyekaa kitini kwa kura hakuwa na budi kuvuka bahari mpaka Arusha, yaliko makao ya Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu. Huko angemkuta Augustino Ramadhani, mzaliwa wa Kisima Majongoo, Unguja, aliyechaguliwa na Umoja wa Afrika mwezi Julai 2010, na mwaka 2014 akachaguliwa na majaji wenzake kuwa Rais wa Mahakama hiyo. Kabla ya hapo alikuwa ameshateuliwa mara nyingi: jaji wa Zanzibar, Jaji Mkuu wa Zanzibar, jaji wa Mahakama ya Rufani, Jaji Mkuu wa Tanzania. Ni nadra kumpata mtu mmoja aliyepita milango yote miwili, wa uteuzi na wa kura, na ndiyo sababu maisha yake yanafaa kutumika kupimia swali linalozuka kila uchaguzi unapokaribia: je, jaji angekuwa wa watu zaidi kama angechaguliwa? Nitasema hapana, na ushahidi mwingi nitautoa Pemba, ambako Ramadhani hakuzaliwa lakini ambako kila badiliko la mahakama alilolishuhudia lilionekana waziwazi. Historia ya kisiwa hiki inaonesha kwamba anayemweka jaji kitini si jambo kubwa kuliko mambo ambayo jaji huyo ameruhusiwa kuyagusa.

Ushahidi wa kwanza ni wa zamani kuliko Ramadhani. Kimbunga cha Aprili 1872 kiliangusha mikarafuu ya Unguja na kuiacha ya Pemba, na kuanzia hapo Pemba ikawa shamba kuu la karafuu la dunia, na shamba hilo lililimwa na kuchumwa na watumwa. Aprili 1897 Sultan Hamud bin Muhammed, akisukumwa na Waingereza, alitoa amri ya kuuondolea utumwa nguvu ya sheria. Amri haikumwacha mtu yeyote huru siku ile. Ilisema kwamba mtumwa anayetaka uhuru wake auombe mahakamani, na mahakama zenyewe zilikuwa chini ya maliwali, yaani watu wa tabaka lilelile la wenye mashamba, huku Pemba ikisimamiwa na kamishna wa utumwa J. P. Farler, padri wa zamani wa misheni ya Kianglikana ya UMCA. Mwombaji alifika mbele yao, akaulizwa atakaa wapi na atajilisha kwa kazi gani. Asiyekuwa na jibu la kuridhisha aliweza kuhesabiwa mzururaji. Aliyekubaliwa alipewa karatasi yake, na bwana wake akaomba fidia serikalini. Farler hakuificha nia yake ya kuwabakiza watu mashambani: aliwahimiza wafunge mkataba wa kumfanyia mwenye shamba kazi siku tatu kwa wiki, wapate nyumba na kipande cha kulima. Wamisionari wa Kikweka waliofungua kituo Banani, karibu na Chake Chake, akiwamo Theodore Burtt, walimlaumu kwamba anawabeba mabwana, na lawama yao ilikuwa na msingi.

Kwa kipimo cha uteuzi, mahakama hizi zilikuwa za aibu. Mfalme aliyewekwa na mkoloni, liwali aliyewekwa na mfalme, kamishna asiyeulizwa na mtu kisiwani. Hata hivyo mahakama hizohizo zilifanya kitu ambacho mahakimu waliopigiwa kura sehemu nyingine hawakuweza kukifanya. Jimbo la Mississippi nchini Marekani ndilo lililotangulia, mwaka 1832, kuwafanya majaji wake wote wachaguliwe kwa kura, na majimbo mengine yakafuata mtindo huo mpaka leo zaidi ya nusu ya majimbo ya nchi ile huwapigia kura majaji kwa namna moja au nyingine. Jaji wa Mississippi wa miaka ya 1850 alikuwa amechaguliwa na wanaume weupe wa jimbo lake, alijibu kwao, na wangeweza kumwondoa. Lakini mtumwa hakuruhusiwa kusimama mbele yake kutoa ushahidi dhidi ya mtu mweupe, na uhuru wake haukuwa jambo la kuombwa mbele yake na kupewa. Liwali wa Chake Chake, ambaye hakuna aliyempigia kura, alilazimishwa na amri kumsikiliza mtumwa anayemdai bwana wake uhuru. Sisemi kwamba liwali alikuwa mtu mwema kuliko jaji yule. Inawezekana kabisa alikuwa na mikarafuu na watumwa wake mwenyewe. Nasema kwamba amri ilimsogezea jambo hilo mbele yake, na jaji wa kura hakusogezewa.

Amri hiyohiyo inaonesha upande wa pili wa hoja. Masuria walitolewa nje yake. Walihesabiwa kama wake, na suria hakuweza kuomba uhuru isipokuwa kwa kuthibitisha kwamba anatendewa ukatili. Kwa hiyo mwanamke mmoja aliyekuwa akipalilia shamba la Wete angeweza kwenda mahakamani na kurudi huru, na mwenzake aliyekuwa ndani ya nyumba ya bwana huyohuyo akageuzwa mlangoni, mbele ya liwali yuleyule. Kilichowatenganisha hakikuwa tabia ya hakimu wala njia ya kumpata. Kilikuwa mstari mmoja wa sheria. Mstari huo ulidumu mpaka dikrii ya mwaka 1909 ilipouondoa, na malipo ya fidia yakafungwa mwishoni mwa 1911. Miaka 12 ya maisha ya wanawake hawa ilipita hivyo, na majina yao hayapatikani kirahisi kwenye madaftari ya uhuru, kwa kuwa aliyekatazwa kudai haandikwi popote kuwa amedai.

Waliopata uhuru hawakuzikimbia mahakama. Wapemba wa miaka ya mwanzo ya karne ya 20, waliozaliwa huru na walioachwa huru, walizitumia sana, kwa madeni ya karafuu, kwa mashamba yaliyouzwa na kurudishwa, kwa ndoa na kwa mirathi. Mirathi ilileta tatizo la kisheria lenye uzito kuliko linavyoonekana. Kwa fiqhi, anayemwacha mtumwa huru hubaki na walaa: aliyeachwa huru akifa bila warithi wa damu, bwana wake wa zamani ndiye anayemrithi. Sasa mtu aliyepewa uhuru na serikali, na bwana akalipwa fidia, ameachwa huru na nani? Bwana anayedai walaa anadai kitu alichokwisha kukiuza, na kadhi anayemkatalia anakubali kwamba kalamu ya serikali imeingia mahali pa kauli ya bwana. Suala kama hili haliamuliwi kwa kujua kadhi ameteuliwa na nani. Linaamuliwa na elimu yake, na kwa kuwa liliruhusiwa kufika mbele yake. Waingereza, kwa upande wao, waliendelea kuubana mkono wa kadhi mpaka akabaki na ndoa, talaka, malezi, urithi na wakfu. Kadhi wa Shafii na kadhi wa Ibadhi waliendelea kuheshimiwa, lakini heshima yao ilizidi kuwa kubwa kuliko mamlaka yao.

Mapinduzi ya Januari 1964 yaliahidi kulipindua hilo lote. Mwaka 1966 ikaundwa mahakama maalumu ya makosa ya kisiasa, na mwaka 1969 ikatoka sheria ya Mahakama za Wananchi, zilizoanza kazi mwaka uliofuata Unguja na Pemba. Mantiki yake ilielezeka: sheria ya Mwingereza ilikuwa ya Kiingereza, yenye majoho na mawakili wa kulipwa, na maskini hakuwa na nafasi ndani yake. Sasa wangekaa watu watatu wa kawaida, wasio wanasheria, wenye kuijua lugha ya watu na mila zao. Mawakili walipigwa marufuku. Mshitakiwa angejieleza mwenyewe, na mahakimu wangempima kwa akili ya raia. Kwa mwenye kutaka mahakama iliyo karibu na watu, hii ndiyo iliyofika karibu zaidi katika historia ya Zanzibar, na nawafahamu wasomaji watakaosema kwamba kasoro yake ilikuwa moja tu, kwamba mahakimu hao waliteuliwa kwa uaminifu wao kwa chama badala ya kupigiwa kura na wananchi waliobeba jina lao. Wangechaguliwa, hoja hiyo inaendelea, zingekuwa mahakama za wananchi kwelikweli.

Hoja hii inastahili jibu la makini, kwa sababu ndani yake mna ukweli. Ni kweli kwamba bila ya kura jina la wananchi lilikuwa la kuazima. Lakini tuitazame kesi iliyozitangaza mahakama hizi duniani. Baada ya Rais Abeid Amani Karume kuuawa tarehe 7 Aprili 1972, watu 81 walishitakiwa kwa uhaini, na kesi ikafunguliwa Unguja mwaka 1973. Baadhi ya washitakiwa, akiwamo Abdulrahman Babu, walikuwa kizuizini Tanzania Bara na wakahukumiwa bila kuwapo. Kwa kuwa mawakili walikuwa wamekatazwa, Mwanasheria Mkuu, Wolfgang Dourado, alijikuta akibeba upande wa mashitaka na upande wa utetezi pia. Mwaka 1974 zaidi ya watu 30 walihukumiwa kifo, wengi wao kwa nguvu ya maungamo yaliyopatikana wakiwa mikononi mwa dola. Waweke kwenye kiti hicho mahakimu waliochaguliwa kwa kura safi ya siri, kutoka Mkoani mpaka Konde, kutoka Makunduchi mpaka Nungwi. Kesi itakuwaje? Mshitakiwa bado hana wakili. Anayemshitaki bado ndiye anayemsemea. Ungamo bado haliulizwi lilipatikanaje. Kura ingebadilisha sura zilizokaa mbele, na yale ambayo sura hizo zilikatazwa kuyasikia yangebaki vilevile. Kwa mahakimu wa kura pengine ingekuwa vibaya zaidi, kwani katika mji uliompoteza kiongozi wake kwa risasi, hakimu anayengojea uchaguzi ujao hana faida katika kumwachia mtu huru.

Hapa ndipo Ramadhani anapoingia. Alizaliwa tarehe 28 Desemba 1945 katika familia ya Waanglikana wasomi. Baba yake, Matthew Douglas Ramadhani, alikuwa mwalimu. Augustino alisoma Bara, akachukua shahada ya sheria Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kisha akaingia Jeshi la Wananchi na kufikia cheo cha Brigedia. Mwishoni mwa miaka ya 1970 alirudishwa Zanzibar katika kazi za sheria na ujaji, na miaka ya 1980 ndiye aliyekuwa Jaji Mkuu wa visiwa hivi. Mwanasheria, mwanajeshi, mpiga kinanda kanisani, Mkristo akisimamia mahakama za nchi ambayo karibu watu wake wote ni Waislamu. Angesimama kugombea kiti hicho kwa kura ya Wapemba au ya Waunguja wa wakati ule, sioni angekipataje. Na ni katika kipindi chake, baada ya Katiba ya 1984, ambapo Mahakama za Wananchi zilifutwa, Mahakama Kuu ikapewa sheria yake mpya, na Mahakama za Kadhi zikawekwa upya kwa sheria ya mwaka 1985, rufani zikitoka kwa Kadhi Mkuu kwenda Mahakama Kuu, mahakama ambayo mkuu wake alikuwa Mwanglikana. Sipendi kumpa mtu mmoja sifa ya mageuzi yaliyotokana na mabadiliko makubwa ya kisiasa ya 1984. Ninachosema ni kwamba mshitakiwa wa Chake Chake, ambaye miaka kumi nyuma angesimama peke yake mbele ya watu watatu wa chama, sasa alikuwa na haki ya wakili na ya rufani, na hakuna kura iliyopigwa kumletea haki hizo. Mwanamke wa Micheweni aliyetaka kuvunjiwa ndoa na mume aliyemtelekeza alikuwa na kadhi anayetambuliwa na sheria. Kwenye Mahakama za Kadhi za Zanzibar wanawake ndio wadai wakuu mpaka leo, na hilo linasema mengi kuhusu nani hunufaika mahakama inaporuhusiwa kusikiliza.

Mwaka 1989 Ramadhani alihamia Mahakama ya Rufani ya Tanzania. Mahakama hiyo, kwa Katiba ya Zanzibar, haiingilii tafsiri ya Katiba hiyo wala mambo ya Kiislamu yaliyoanzia kwa kadhi, lakini jinai nzito za Zanzibar huifikia. Moja iliyoifikia iliwagusa Wapemba kuliko kesi nyingine yoyote ya zama za vyama vingi. Kufuatia uchaguzi mdogo wa Mkunazini mwaka 1997, watu 18 wa Chama cha Wananchi, CUF, chama ambacho ngome yake ilikuwa Pemba, walikamatwa na kushitakiwa kwa uhaini dhidi ya Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar. Machano Khamis Ali na wenzake walikaa rumande zaidi ya miaka miwili, kwa kosa lisilo na dhamana. Novemba 2000, baada ya Amani Abeid Karume kuapishwa kuwa Rais wa Zanzibar, mashitaka yaliondolewa, na mwezi huohuo Mahakama ya Rufani ikatoa uamuzi ambao haujasahaulika: kosa la uhaini haliwezi kutendwa dhidi ya Zanzibar, kwa kuwa Zanzibar si dola yenye mamlaka kamili. Majaji walioteuliwa na Rais walikuwa wameuondoa msingi wa kesi ambayo serikali iliishikilia kwa miaka mitatu.

Kwa nini basi uamuzi huu haukushangiliwa Pemba bila ya masharti? Kwa sababu uliwapa watu kinga kwa hoja waliyoichukia. Wafuasi wa CUF walikuwa wakidai Zanzibar ipewe hadhi yake ya nchi, na sasa mahakama iliwakinga kwa kusema haina hadhi hiyo. Chuki dhidi ya hoja hiyo haikuwa ya chama kimoja tu. Mwaka 2010 Baraza la Wawakilishi, CCM na CUF wakiwa pamoja, liliibadilisha Katiba ya Zanzibar ili itamke kwamba Zanzibar ni miongoni mwa nchi mbili zinazounda Jamhuri ya Muungano. Jaji wa kura, anayejua hisia za wapigakura wake, angeiandika vipi hukumu ile? Nashuku angetafuta sababu nyingine, au angeuacha mlango wa kesi wazi. Majaji wasiohitaji kura za mtu waliweza kusema jambo lililowaudhi wote wawili, serikali na wapinzani, na watu 18 walioondolewa mashitaka wakabaki na hukumu inayowakinga yasirudishwe.

Lakini miezi miwili tu baadaye ikaonekana mkono wa jaji unakoishia. Tarehe 26 na 27 Januari 2001 polisi waliwafyatulia risasi waandamanaji waliokuwa wakipinga matokeo ya uchaguzi wa Oktoba 2000. Watu zaidi ya 30 waliuawa, wengi wao Pemba, katika Wete, Chake Chake na Micheweni, na wakimbizi wapatao 2,000 walivuka kwa mashua hadi Shimoni, Kenya. Waandamanaji hawakuwa watu wasiopenda mahakama. Walikuwa na mgogoro ambao Katiba ilishauondoa mahakamani: ya Zanzibar, na ya Muungano katika ibara yake ya 41(7), zote zinasema kwamba Tume ya Uchaguzi ikishamtangaza mtu kuwa ameshinda urais, mahakama yoyote haitakuwa na mamlaka ya kuuchunguza uchaguzi wake. Jaji wa Chake Chake angeweza kuamua nani mwenye shamba, nani mwizi wa karafuu, hata nani mbunge halali wa jimbo. Asichoweza kuuliza ni kama kura za urais zilihesabiwa sawasawa. Waliokuwa na malalamiko hayo hawakuwa na pa kuyapeleka isipokuwa barabarani. Yaliyofuata yalikuwa tume ya uchunguzi ya Hashim Mbita na Muafaka wa CCM na CUF wa Oktoba 2001, yaani siasa ikiitibu siasa.

Ramadhani aliujua mpaka huo kutoka pande zote. Wakati akiwa jaji wa Rufani alikuwa pia Makamu Mwenyekiti wa Tume ya Taifa ya Uchaguzi kuanzia 1993 hadi 2003, kwa hiyo akiwa Tume alishiriki katika matangazo ambayo akiwa mahakamani asingeruhusiwa kuyahoji. Sheria iliona hekima kumpa jaji kazi ya kusimamia uchaguzi na ikaona hatari kumpa kazi ya kuupima. Kisha, mwaka 2010, akiwa Jaji Mkuu wa Tanzania, alipata nafasi ya kuupanua mkono wa mahakama na hakuupanua. Mchungaji Christopher Mtikila alikuwa ameshinda mara mbili Mahakama Kuu, mwaka 1994 na mwaka 2006, akidai haki ya mgombea binafsi, asiyepitia chama. Tarehe 17 Juni 2010 jopo la majaji saba chini ya Ramadhani liliitengua hukumu ya 2006: mahakama haiwezi kuitangaza ibara ya Katiba kuwa ni kinyume cha Katiba, na suala lenyewe ni la kisiasa, Bunge ndilo lenye kuliamua. Wakalishauri Bunge lilitazame upya. Wapo wanaoiona hukumu hii kuwa ni woga. Mimi naiona kuwa hukumu ya mtu anayeamini kwa dhati kwamba jaji akijiongezea mamlaka leo, kesho atanyang'anywa hata yale aliyokuwa nayo. Imani hiyo ina heshima yake. Gharama yake hulipwa na mwenye kudai.

Mwezi mmoja baada ya hukumu hiyo Ramadhani alichaguliwa jaji wa Mahakama ya Afrika. Hapa mpinzani wangu ana silaha yake kali kuliko zote, na sitaikwepa. Mahakama hiyo ina majaji 11 waliochaguliwa kwa kura ya siri na mkutano wa wakuu wa nchi. Tarehe 14 Juni 2013 majaji hao walitamka kwamba Tanzania imevunja haki za Mtikila kwa kumkatalia kuwa mgombea binafsi. Ramadhani hakukaa kwenye kesi hiyo. Alikuwa raia wa nchi inayodaiwa, na hukumu iliyolalamikiwa ilikuwa yake. Kwa hiyo, atasema mpinzani, tazama: majaji wa uteuzi walijifunga mikono, majaji wa kura wakasema. Je, si hilo linamaliza ubishi?

Halimalizi. Kwanza, waliopiga kura hiyo ni marais, na jina la Ramadhani lilipelekwa na serikali yake. Mpemba hakuwa na sauti katika uchaguzi huo zaidi ya aliyokuwa nayo kwa kadhi wa Sultani. Pili, na hili ndilo zito, kilichowawezesha majaji wa Arusha kuisikiliza kesi ya Mtikila ni karatasi. Machi 2010 Tanzania ilikuwa imeweka tamko chini ya Itifaki ya Mahakama, kifungu cha 34(6), la kuwaruhusu watu binafsi na asasi kuishitaki moja kwa moja. Bila ya tamko hilo, majaji walewale, waliochaguliwa kwa kura zilezile, wangemwambia Mtikila kwamba hawana mamlaka, kama walivyowaambia raia wa nchi ambazo hazikuweka tamko. Kura iliwapa viti. Tamko ndilo lililowaletea mdai. Nyongeza moja, ya pembeni lakini haina budi kusemwa: mwaka 2015, akiwa bado Rais wa Mahakama hiyo, Ramadhani alichukua fomu ya CCM kuomba kugombea urais wa Tanzania. Hakuteuliwa. Simlaumu kwa kuwa na matamanio, lakini anayedhani kura humweka jaji mbali na siasa aitazame fomu ile.

Mwaka huohuo Pemba ilipata mfano ulio wazi kuliko yote. Tarehe 28 Oktoba 2015 Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar, Jecha Salim Jecha, aliufuta uchaguzi mzima wa Zanzibar, na miongoni mwa sababu alizozitaja ni kwamba katika baadhi ya vituo vya Pemba kura zilizidi idadi ya walioandikishwa. Hilo ni suala la ushahidi, la aina nyepesi kabisa kwa hakimu. Lina daftari la wapigakura, lina fomu za vituo, lina mawakala waliotia saini. Hakimu wa wilaya anayepima deni la gunia la karafuu huamua mambo magumu kuliko hilo kila wiki. Tuhuma hiyo, ambayo iliwagusa Wapemba kwa jina la kisiwa chao, haikupata kupimwa mbele ya jaji. Uchaguzi ulirudiwa tarehe 20 Machi 2016, CUF ikaususia, mshindi akatangazwa kwa zaidi ya asilimia 91, na baada ya tangazo hilo ibara za Katiba zikawa zimeshafanya kazi yake.

Kuna wanaosema kwamba ubishi wangu unazunguka: anayeteua jaji ndiye huyohuyo anayeweka mipaka yake, basi uteuzi na mipaka ni kitu kimoja. Ingekuwa hivyo, mambo yangekwenda pamoja, na historia ya Pemba inasema hayaendi. Mwaka 1909 mipaka ilipanuka kwa masuria na waliokaa kwenye kiti cha hukumu ni walewale wa kuwekwa. Mwaka 1970 kiti kilibadilika kabisa na haki ya mshitakiwa ikapungua. Mwaka 1985 haki ilirudi, na mteuzi alibaki kuwa serikali ileile ya Mapinduzi. Mipaka hubadilika kwa sheria, na sheria inaweza kudaiwa na kusukumwa na watu ambao hawatapewa kamwe nafasi ya kumchagua jaji. Kuipoteza nguvu hiyo kwa kudai kura ya majaji, wakati ibara za kufunga mahakama zimebaki, ni kushika tawi na kuuacha mti.

Ramadhani alimaliza muda wake Arusha mwaka 2016. Katikati ya safari hiyo alikuwa Makamu Mwenyekiti wa Tume ya Mabadiliko ya Katiba chini ya Jaji Joseph Warioba, na rasimu iliyotoka humo ilitaka matokeo ya urais yaweze kupingwa mahakamani. Haikupata kuwa Katiba. Alifariki dunia Dar es Salaam tarehe 28 Aprili 2020. Tarehe 15 Julai mwaka huo Mahakama ya Afrika, katika shauri la wakili Jebra Kambole, iliamua kwamba ibara ya 41(7) ya Katiba ya Muungano inavunja haki ya mtu kusikilizwa, na ikaiamuru Tanzania kuirekebisha. Serikali ilikuwa tayari imetoa taarifa, Novemba 2019, ya kuliondoa tamko lake la 2010, na baada ya Novemba 2020 hakuna Mtanzania anayeweza tena kwenda Arusha peke yake. Majaji wa pale wanaendelea kuchaguliwa kwa kura. Uchaguzi wa Oktoba 2020 ulifanyika Unguja, Pemba na Bara huku ibara ya 41(7) ikiwa palepale.